Walowezi wa Mirihi: hadithi ya kubuni, historia ya kweli

Mwaka 1950, miaka saba kabla ya binadamu kurusha satelaiti yake ya kwanza, kilichapishwa nchini Marekani kitabu kilichosimulia jinsi wakazi wa dunia walivyohamia sayari ya Mirihi, ambayo wengi huiita Mars.

Kitabu hicho, The Martian Chronicles, yaani Kumbukumbu za Mirihi, kiliandikwa na Ray Bradbury, kijana wa miaka 29 aliyezaliwa Waukegan, katika jimbo la Illinois. Bradbury hakusoma chuo kikuu. Elimu yake aliipata katika maktaba za umma mjini Los Angeles. Visa vingi alikuwa amekwisha kuvichapisha kimoja kimoja katika majarida ya bei nafuu, kabla ya kushauriwa kuviunganisha viwe kitabu kimoja.

Kwa mtazamo wa haraka, hiki ni kitabu cha roketi na viumbe wa ajabu. Hata hivyo, anayekisoma kwa makini hutambua kwamba mwandishi anazungumzia walowezi wa hapa hapa duniani.

Mifereji ambayo haikuwapo

Ndoto ya Mirihi yenye wakazi ilianzia mbali. Mwaka 1877 mtaalamu wa nyota wa Italia, Giovanni Schiaparelli, alichora mistari aliyodhani ameiona juu ya sayari hiyo. Neno la Kiitaliano alilolitumia laweza kumaanisha mkondo wa asili, lakini kwa Kiingereza lilifasiriwa kuwa mifereji iliyochimbwa. Mmarekani Percival Lowell, aliyejenga kituo cha kutazamia nyota huko Flagstaff, Arizona, mwaka 1894, aliishikilia fikra hiyo na kuieneza kwa bidii.

Mwaka 1898 Mwingereza H.G. Wells alitoa The War of the Worlds, riwaya ambamo viumbe wa Mirihi wanaivamia Uingereza. Katika sura ya kwanza Wells aliwakumbusha wasomaji wake maangamizi yaliyowapata wenyeji wa Tasmania mikononi mwa wahamiaji kutoka Ulaya. Katika riwaya hiyo wavamizi wanauawa na vijidudu vya dunia, ambavyo miili yao haikuvizoea.

Ugonjwa wa mgeni

Bradbury aliugeuza mkuki huo. Kwake yeye, wavamizi ni watu wa dunia. Misafara mitatu ya kwanza inaangamizwa na wenyeji wa Mirihi. Msafara wa nne unapotua, unakuta miji imejaa maiti. Wenyeji wameuawa na tetekuwanga, ugonjwa ulioletwa na wageni, ambao duniani kwa kawaida ni maradhi ya watoto.

Msomaji wa Marekani hakuhitaji kuelezwa. Ndui na surua ziliwateketeza wenyeji wa bara la Amerika baada ya Wazungu kuwasili mwishoni mwa karne ya 15. Mara nyingi maradhi yalitangulia, bunduki zikafuata.

Ndani ya msafara huo yumo mtu mmoja, Spender, anayekataa kushangilia. Anawageukia wenzake na kuwaua kadhaa, akiamini kwamba anailinda sayari isiharibiwe. Bradbury hamfanyi kuwa shujaa, wala hampuuzi. Nahodha anayemwinda anaelewa hoja yake, na bado anampiga risasi.

Kutoka kusini hadi Mirihi

Kisa kilichozua mjadala mrefu zaidi ni kile cha Wamarekani Weusi wa kusini, ambao siku moja wote wanaanza safari ya kuelekea kwenye roketi. Mwenye duka Mzungu, Samuel Teece, anajaribu kuwazuia. Mmoja anadaiwa dola 50. Wenzake wanachanga na kumlipia papo hapo. Kijana aliyekuwa mtumishi wake anapoondoka, anamuuliza bwana huyo atakuwa akifanya nini nyakati za usiku. Ni swali fupi, lakini linagusa mauaji ya Weusi waliokuwa wakinyongwa na magenge bila kufikishwa mahakamani.

Hadithi hiyo ilitangulia kwa miaka mitano mgomo wa mabasi wa Montgomery wa 1955. Isitoshe, ilikuwa na mfano halisi: kati ya miaka ya 1910 na 1970, Wamarekani Weusi wapatao milioni sita walihama kusini kwenda miji ya kaskazini na magharibi. Baadhi ya matoleo ya baadaye ya kitabu yalikiacha kisa hicho.

Nguvu ya kutoa majina

Walowezi wa Bradbury wanapoimarika, wanayafuta majina ya kale ya milima na mabonde na kuweka yao. Wasomaji wa Afrika Mashariki wanaifahamu desturi hiyo. Mwaka 1858 John Hanning Speke alifika kwenye ziwa ambalo watu wa kandokando yake walikuwa na majina yao ya kuliita, naye akalipa jina la Malkia Victoria. Nchini Kenya neno mlowezi bado linakumbusha ardhi ya nyanda za juu waliyopewa Wazungu, na wenyeji waliosukumwa pembeni.

Sayansi ilikuja kuivunja ndoto ya mifereji. Mwaka 1965 chombo cha Mariner 4 kilituma picha za kwanza za karibu za Mirihi, nazo zilionyesha ardhi kavu yenye mashimo. Hewa yake ni nyembamba mno, na sehemu kubwa ni kaboni dayoksaidi.

Bradbury alifariki dunia Juni 2012. Miezi miwili baadaye roboti ya Curiosity ilitua Mirihi, na shirika la NASA likapaita mahali hapo Bradbury Landing. Safari hii hapakuwa na jina la mwenyeji lililofutwa.

Elon Musk, aliyeanzisha kampuni ya SpaceX mwaka 2002, amesema mara nyingi kwamba lengo lake ni watu kuhamia huko. Mhandisi anauliza kama roketi itafika. Bradbury aliuliza abiria watabeba nini: katika kitabu chake walibeba maradhi, madeni na ubaguzi, na vita vya nyuklia vikaiteketeza dunia waliyoiacha nyuma. Familia chache zinazonusurika zinaambiwa kwamba sasa watu wa Mirihi ni wao.