Fremu Isiyo na Karatasi

Ukishuka kutoka Tukuyu kuelekea Kisiba utafika Masoko, penye ziwa lililozaliwa na volkeno. Ukingoni mwake kuna jengo la mawe walilojenga Wajerumani kwa ajili ya askari wao, ambalo baadaye liligeuka mahakama. Huwa nalikumbuka kila nikiona X imepakwa kwenye ukuta wa duka na mpangaji kasimama nje, mikono kichwani: "Mimi sina hata mkataba, nitamshitaki nani?"

Swali zuri, na ni la zamani kuliko lile jengo.

Kwa Wanyakyusa wa zamani, mtu alipata shamba na mahali pa kujenga kwa kuwa mwenzao katika kijiji cha rika lake. Monica Wilson, aliyeishi Rungwe miaka ya 1930, aliyaeleza hayo katika kitabu chake Good Company cha mwaka 1951. Karatasi haikuwepo. Majirani ndio waliokuwa ushahidi.

Waingereza wakaja na Sheria ya Ardhi ya 1923, ardhi yote ikawa chini ya Gavana. Mwaka 1928 wakaongeza tafsiri iliyomtambua pia anayekalia ardhi kwa mila. Alitambuliwa, sawa, lakini kwa miaka mingi alihesabiwa kama mtu wa daraja la pili mbele ya mwenye hati.

Mambo yalibadilika mwaka 1994, katika kesi ya Lohay Akonaay na mwanawe Joseph, wakulima wa Kambi ya Simba huko Karatu. Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilisema haki ya kimila ni mali inayolindwa na ibara ya 24 ya Katiba. Ikaenda mbali zaidi: hata pasipo jengo wala mazao, jasho alilomwaga mtu kwenye ardhi linastahili fidia.

Sasa turudi kwenye fremu. Hapa historia ilikwenda kinyume. Sheria ya kudhibiti kodi ya pango ya 1984 ilimlinda mpangaji, ukitaka kumtoa ulipita kwanza barazani. Mwaka 2005 sheria hiyo ikafutwa. Yaani wakati mkulima asiye na hati anapanda daraja, mpangaji wa duka anashuka.

Ila hakuachwa mtupu. Sheria ya Ardhi ya 1999 inakubali upangaji wa mdomo usiozidi mwaka mmoja. Ukilipa kodi kila mwezi na mwenye nyumba akaipokea, wewe ni mpangaji wa mwezi hadi mwezi, na unastahili notisi ya angalau mwezi kabla ya kutolewa. Usidanganywe tu na ile hadithi ya "nimekaa miaka 12, hapa ni pangu." Aliyekaa kwa ruhusa ya mwenye mali hawi mwenye mali kwa kuhesabu miaka.

Ubomoaji wa serikali ni habari nyingine. Wananchi wenyewe walishaifupisha: wewe umeifuata barabara, au barabara imekufuata? Kabla ya Sheria ya Barabara ya 2007, hifadhi ya barabara kuu ilikuwa mita 22.5 kila upande. Sheria hiyo ikaifanya 30. Aliyejenga ndani ya zile 22.5 ameifuata, X yake ni nyekundu. Aliyekuwa tayari kwenye zile 7.5 za nyongeza amefuatwa, X yake ni ya kijani na anadai fidia.

Na fidia si ya matofali peke yake. Kanuni za 2001 zinataja usumbufu, usafiri, na faida ya biashara iliyopotea, inayopigwa kwa miezi 36. Hapo ndipo mwenye duka anapoumia: jengo ni la mwingine, mthamini anaandika jina la mwingine, na yeye hana daftari la kuonyesha aliuza nini. Mwenye nyumba anaondoka na hundi, mpangaji anaondoka na rafu zake juu ya bodaboda.

Kwa hiyo, ndugu yangu wa fremu, tunza risiti za kodi, meseji za malipo, leseni na daftari la mauzo. Mthamini akija, usikae nyuma ya kaunta. Toka, ujitambulishe, uandikwe. Na kama huna kimojawapo cha hivyo, waite majirani zako waseme umekuwa hapo tangu lini. Ushahidi wao ulikubalika Rungwe kabla ya Mjerumani kufika, na mahakamani bado unasikilizwa.