Kamera Haikuwa Yake
Kuna meza moja ambayo imenikaa kichwani. Ni Uholanzi, 1942, usiku. Familia ya Kiyahudi inajiandaa kwa safari. Wanawake wanashona nguo, kikombe cha kahawa kiko hapo kando. Wameambiwa eti wanapelekwa kambi ya kazi Ujerumani. Max Peereboom, baba mwenye nyumba, anarekodi kila kitu kana kwamba kesho wanaenda likizo. Sisi watazamaji tunajua wanaenda Auschwitz. Wao hawajui.

Nilidhani mwenye filamu hiyo, *The Maelstrom* (1997), ni jasiri fulani wa vita. Kumbe Péter Forgács alizaliwa Budapest mwaka 1950, vita vimeshaisha. Yeye aliunganisha tu vipande vya filamu za watu wengine. Nasema "tu", lakini hiyo ndiyo kazi iliyompa Tuzo ya Erasmus mwaka 2007.

Mwaka 1983, Hungary ikiwa bado chini ya chama kimoja, alianzisha hifadhi ya picha na filamu za familia. Historia rasmi ilikuwa na gwaride na viongozi. Forgács alitaka harusi, watoto wakioga, mjomba akichekacheka mbele ya kamera. Kutoka humo ukazaliwa mfululizo wa *Privát Magyarország*, ulioanza 1988 na familia ya Bartos. Muziki wa Tibor Szemző unarudiarudia taratibu, hadi unaanza kuogopa hata pikiniki.

*The Danube Exodus* (1998) inatumia filamu za nahodha wa meli, Nándor Andrásovits. Mwaka 1939 alibeba Wayahudi waliokimbia, akishuka nao mto hadi Bahari Nyeusi. Mwaka 1940 akapandisha Wajerumani wa Bessarabia waliopoteza makwao. Mto ni ule ule, abiria ndio tofauti.

Hapo ndipo nilipokwaruzana naye. Ndani ya *The Maelstrom* pia anaweka filamu za nyumbani za Seyss-Inquart, Mnazi aliyetawala Uholanzi, akiwa babu mpole kati ya jamaa zake. Manze, nilikasirika. Kwa nini huyu apewe nafasi ya kupendeza? Lakini kama angeonyeshwa na magwanda peke yake, ningelala vizuri, nikiamini watu wa aina hiyo hawana wajukuu.

Nimeitazama mara tatu sasa. Kila nikifika pale mezani, natamani wale wanawake wasimalize kushona.