Miriam Makeba: Lugha na Uhamisho Baina ya Filamu Mbili

Miriam Makeba hukumbukwa kwanza kuwa mwimbaji, na kwa hakika uimbaji ndio uliomjengea jina. Hata hivyo, ni filamu iliyomfungulia njia ya kutoka kwao, na ni filamu nyingine iliyomwonyesha baada ya kurejea. Baina ya hizo mbili kuna miaka 33, na yafaa kuuliza ni nini alichobaki nacho katika muda huo wote.

Makeba alizaliwa Johannesburg mwaka 1932, baba yake akiwa Mxhosa na mama yake Mswazi. Tangu utotoni, basi, alikulia penye lugha nyingi. Alipata kuwa yaya na mtumishi wa nyumbani kabla ya kuimba na kundi la Manhattan Brothers. Ndipo Lionel Rogosin, Mmarekani aliyewahadaa wakuu wa serikali kwamba alikuwa akitengeneza picha ya muziki tu, alipomtia katika filamu ya Come Back, Africa. Humo Makeba haonekani ila kwa dakika chache, akiimba katika kilabu cha pombe ya magendo. Dakika hizo zilitosha. Mwaka 1959 alikwenda Venice filamu ilipoonyeshwa, na kabla ya mwaka kwisha alikuwa amekwisha kufika Marekani, ambako Harry Belafonte alimsaidia sana.

Mwaka 1960 mama yake alifariki. Makeba alipotaka kurudi kuzika, aliambiwa kuwa pasipoti yake imefutwa. Mwaka 1963 alitoa ushahidi mbele ya kamati ya Umoja wa Mataifa dhidi ya ubaguzi wa rangi; nyimbo zake zikapigwa marufuku nchini mwake.

Hapa ndipo suala la lugha linapoingia. Msanii mhamiaji kwa kawaida hushawishika kuimba kwa lugha ya wenyeji wake, maadamu soko ni lao. Makeba aliimba Kiingereza pia, lakini umaarufu wake ulisimama juu ya Kixhosa. Wimbo wa arusi uitwao Qongqothwane ulipewa na Wamarekani jina la vidoko vyake, kwa kuwa jina la asili liliwashinda kutamka. Kwa masikio yao, vidoko vilikuwa kelele za ajabu. Naye hakuchoka kuwaeleza kuwa hizo ni sauti za lugha, sawa na konsonanti nyingine zozote. Somo hilo la fonolojia lilitolewa jukwaani, mbele ya watu ambao wasingalifika darasani kulisikiliza.

Kiswahili nacho kilinufaika. Malaika, wimbo uliokuwa umekwisha kujulikana Afrika Mashariki kwa sauti ya Fadhili William, aliurekodi pamoja na Belafonte katika sahani ya mwaka 1965 iliyopata tuzo ya Grammy mwaka uliofuata. Wasikilizaji wengi wa ng'ambo walikisikia Kiswahili kwa mara ya kwanza kinywani mwa mtu ambaye Kiswahili hakikuwa lugha ya mama yake.

Mwaka 1968 aliolewa na Stokely Carmichael, maonyesho yake Marekani yakafutwa, naye akahamia Guinea. Hakukanyaga tena Afrika Kusini hadi mwaka 1990. Miaka miwili baadaye aliigiza katika Sarafina!, akiwa Angelina, mama anayetumika katika nyumba ya Wazungu: kazi aliyoijua mwenyewe. Kisa chenyewe kinahusu maasi ya wanafunzi wa Soweto ya mwaka 1976, ambayo chanzo chake kimojawapo kilikuwa kulazimishwa kusoma kwa Kiafrikaans.

Wahenga walinena kuwa mwacha asili ni mtumwa. Makeba hakuiacha asili; alizuiwa kuifikia. Lugha alizozichukua zilimhifadhia utu wake na kuwafundisha wageni heshima. Lakini isidhaniwe kuwa zilimtosha badala ya nchi, kwani hakuna wimbo uliomfikisha kwenye kaburi la mama yake siku ya maziko. Alifariki mwaka 2008 nchini Italia, punde baada ya kuimba jukwaani, ugenini tena. Safari hii, hata hivyo, alikuwa na kwao pa kurudishwa.