Siku Mvita Ilipokaribisha Mbio za Nyika

Atokaye Mji wa Kale kwa miguu, akaipa kisogo Ngome ya Yesu ambayo Wareno walianza kuijenga mwaka 1593, akaandama ukingo wa kisiwa kwenda kusini huku bahari ikimvumia upande wa kushoto, hatimaye hutokea penye uwanda wa majani ulioinuka juu ya miamba, ambao tangu mwaka 1911 umekuwa uwanja wa mchezo wa gofu. Siku nyingi mahali hapo huwa pa utulivu, na sauti ya wimbi lipigalo jabali ndiyo isikikayo kuliko sauti ya mwanadamu. Lakini Jumamosi ya tarehe 24 Machi 2007, katika Mfungo Sita, mwezi ambao Mvita hujishughulisha na Maulidi, uwanda huo ulijaa halaiki ya watu wa kila kabila na kila umri, waliosimama juani bega kwa bega wakingoja kuwaona kwa macho yao wanadamu wenye mbio kushinda wote duniani. Hayo yalikuwa Mashindano ya Dunia ya Mbio za Nyika, ya 35 katika hesabu yake, na ilikuwa mara ya kwanza kuwasili katika ardhi ya Afrika Mashariki.

Taarikhi ya mji wetu imejaa wageni waliokuja kwa majahazi na merikebu, wengine kwa biashara na wengine kwa vita, na habari zao zimeandikwa na kusimuliwa hata watoto wazijua. Wageni wa mwaka 2007 walikuja kushindana kwa miguu tu, wakaondoka baada ya siku chache bila kuacha ngome wala kaburi, na yamkini ndiyo sababu habari yao husimuliwa kwa nadra. Yafaa isimuliwe tena, si kwa kujisifu kwa ugeni uliopita, bali kwa kuwa siku ile ilidhihirisha jambo lililokuwamo ndani ya mbio hizi tangu kuasisiwa kwake: ya kwamba mtu mmoja aweza kukosa taji, na jamaa yake ikashinda.

Asili ya mashindano haya ni visiwa vya Waingereza. Mwaka 1903, katika uwanja wa mbio za farasi wa Hamilton Park huko Scotland, yalikutana mataifa manne, nayo ni England, Scotland, Ireland na Wales, yakashindanisha vijana wao katika majani na matope. Na mwaka 1907 Ufaransa ikajiunga nao. Kwa miaka mingi baada ya hapo shindano lilibaki kuwa hodhi ya Wazungu, mpaka mwaka 1960, pale pale Hamilton, Rhadi Ben Abdesselam wa Moroko alipowapita wote, akafuatwa mwaka 1968 na Mohamed Gammoudi wa Tunisia. Mwaka 1973 shirikisho la riadha la kimataifa likautwaa usimamizi wake, likaanzia mji wa Waregem huko Ubelgiji, na miaka miwili baadaye mbio zilizo chini ya usimamizi huo zikakanyaga ardhi ya Afrika katika mji wa Rabat.

Mtazamaji asiyezizoea mbio hizi aghalabu hulikodolea macho kundi la mbele, akadhani kwamba aliyekwisha kuvuka mstari wa kwanza amekwisha kumaliza habari yote. Sivyo. Kila mkimbiaji hupewa alama zilizo sawa na nafasi yake, wa kwanza moja, wa pili mbili, wa kumi kumi. Kisha alama za wale wahesabiwao katika kila taifa hujumlishwa, na taifa lenye jumla iliyo ndogo ndilo lishindalo. Mwaka 1988 katika mji wa Auckland, John Ngugi alipoongoza, Wakenya sita waliohesabiwa walishika nafasi ya kwanza, ya pili, ya tatu, ya nne, ya sita na ya saba, na jumla yao ikawa 23. Yule wa saba hakupanda jukwaani kwa nishani ya peke yake. Walakini mtu kama yeye akikata tamaa akajikalia kando ya njia, hesabu ya wenzake wote yaweza kuharibika. Wazee walionena kwamba haba na haba hujaza kibaba hawakuwa wakinena juu ya mbio, lakini hapana kanuni ya riadha iliyo karibu zaidi na maneno yao.

Kwa hesabu hiyo Kenya ilitawala. Tangu mwaka 1986 hata mwaka 2003, wanaume wake walitwaa ushindi wa jamaa mara 18 mfululizo bila ya kukatizwa, na chanzo cha nguvu hiyo kilikuwa kambi ya Kigari huko Embu, ambako mabingwa na wasiojulikana walilala chini ya paa moja, wakala chakula kimoja na kupanda vilima vile vile alfajiri. Ethiopia iliivunja silsila hiyo mwaka 2004, ikarudia mwaka 2005, na Kenya ikajirudishia heshima yake mwaka 2006 katika mji wa Fukuoka huko Japani. Hivyo basi dunia ilipokuja Mvita, baada ya Afrika kuwa mwenyeji katika Rabat mwaka 1975, Stellenbosch mwaka 1996 na Marrakech mwaka 1998, mashindano yalikuja nyumbani kwa bingwa. Fauka ya hayo, mwaka huo mbio fupi zilizokuwa zikiifanya shughuli kuchukua siku mbili ziliondolewa, na mbio nne zilizobaki, za wakubwa na za vijana, zikakusanywa katika mchana mmoja.

Lakini nyumbani kwa bingwa ni wapi? Wakimbiaji wa Kenya, kama wale wa Ethiopia na Eritrea, walilelewa katika nyanda za juu, katika Iten na miji mfano wake iliyo zaidi ya mita 2,000 juu ya bahari, ambako hewa ni baridi na jasho hukauka upesi. Mvita ni nchi nyingine. Mwisho wa Machi ni wakati wa maleleji, kaskazi imekwisha nguvu na kusi haijashika, upepo hupwelea, na joto lenye unyevu humganda mtu kama nguo iliyolowa. Mvuvi na hamali wa mji huu wamejifunza tangu utotoni kugawa nguvu zao katika siku kama hizo, asubuhi wakafanya kazi na adhuhuri wakatafuta kivuli. Mgeni atokaye mlimani hana elimu hiyo, awe Mzungu au awe Mkenya, na jua la Mvita halikupendelea nasaba ya mtu siku ile.

Katika mbio za wanawake za kilomita 8, aliyeshinda kwa dakika 26 na sekunde 23 alikuwa Lornah Kiplagat, mzaliwa wa Kenya aliyekuwa amechukua uraia wa Uholanzi mwaka 2003, naye akamwacha nyuma Tirunesh Dibaba wa Ethiopia, aliyekuwa ametwaa taji hilo miaka miwili mfululizo. Ushindi wa jamaa, hata hivyo, uliwaendea wanawake wa Ethiopia. Miongoni mwa vijana, Linet Masai aliwashinda wasichana, na Asbel Kiprop akawaongoza wavulana, huku Wakenya wenzake Vincent Yator na Mathew Kisorio wakimfuata wa pili na wa tatu.

Zikaja mbio za wanaume za kilomita 12, ambazo halaiki yote ilikuwa ikizingojea. Macho yalimwelekea Kenenisa Bekele wa Ethiopia, ambaye tangu mwaka 2002 hata 2006 alikuwa ametwaa mataji ya mbio ndefu na mbio fupi pamoja, mwaka baada ya mwaka, na ambaye alikuja kutafuta taji la sita la mbio ndefu. Aliyemkabili hakuwa Mkenya. Alikuwa Zersenay Tadese wa Eritrea, mtu aliyekwisha kuipa nchi yake nishani yake ya kwanza ya Olimpiki huko Athens mwaka 2004, naye alikaza mwendo wake bila ya kuregea, mpaka katika duru ya mwisho Bekele, aliyezidiwa na joto, akaacha mbio na kutoka njiani. Makelele yaliyopaa wakati huo yalikuwa makubwa. Na ingawa ghera ya nchi humghalibu mtu, yafaa tukumbuke kwamba mgeni aliyeanguka uani mwetu astahiki heshima kama yule aliyeshinda. Tadese alimaliza kwa dakika 35 na sekunde 50. Moses Mosop wa Kenya akawasili sekunde 23 baada yake, na Bernard Kipyego akawa wa tatu.

Hapo ndipo hesabu ya jamaa ilipodhihirisha maana yake. Kenya haikupata taji la mtu mmoja katika mbio za wanaume, tena ugenini mwa jua lake yenyewe. Lakini alama zilipojumlishwa, jamaa ya Kenya ilikuwa ya kwanza, Moroko ya pili, na Uganda ya tatu. Eritrea ilikuwa na bingwa, Kenya ilikuwa na kundi la watu ambao kila mmoja wao alikataa kutoka njiani.

Tena nafasi ile ya tatu ya Uganda haikuwa jambo dogo. Mwaka 2017 mashindano yalifika Kampala, na kijana wao Joshua Cheptegei akaongoza mbele ya watu wake mpaka duru ya mwisho, ambapo miguu ilimwisha kama ilivyomwisha Bekele hapa kwetu. Lakini yeye hakutoka, alijikokota akamaliza wa 30. Miaka miwili baadaye, huko Aarhus nchini Denmark, Cheptegei huyo huyo akawa bingwa wa dunia, na wanaume wa Uganda wakatwaa ushindi wa jamaa. Kutoka Mvita hata Aarhus ni miaka 12.

Basi mzee ampitishaye mjukuu wake karibu na uwanda ule, wakielekea kupunga upepo chini ya mibuyu ya ufuoni, asimwambie tu kwamba hapa palikimbiwa. Amfundishe hesabu yenyewe, moja na mbili na tatu na saba, ili mtoto ajue kwamba yule wa saba naye alihesabiwa.