Njia za Usambara na Habari za Mbegha

Mgeni anayetembezwa kwa miguu katika vijiji vya Washambaa, kutoka Lushoto kupanda milimani, anakanyaga nchi ya Mbegha, mwindaji kutoka Ngulu. Kwa mapokeo, aliwaua nguruwe mwitu walioharibu mashamba, akagawa nyama, akafanywa mfalme. Abdallah bin Hemedi aliyaandika hayo kwa Kiswahili katika Habari za Wakilindi.

Lakini kitabu hicho hakiishii kwenye nyama. Mfalme Kimweri alipofariki mwaka 1862, jamaa zake waligombana, Semboja wa Mazinde, aliyekaa kando ya njia ya biashara, alipata bunduki, Wabondei wakaasi, watu wakauzwa utumwani. Basi kiongozi anayemsifu Mbegha peke yake amesimulia nusu tu: utawala ulioingia kwa kugawa ulivunjika kwa kuuza.