Maurice Jarre, mpiga ngoma wa Lyon

Mwaka 1962 ulikuwa unayoyoma, na mtayarishaji Sam Spiegel alikuwa mashakani. Filamu yake, Lawrence of Arabia, ilipangwa kuonyeshwa London mwezi Desemba, na muziki wake haukuwa umetungwa. Aram Khachaturian na Benjamin Britten hawakupatikana. Richard Rodgers alileta tuni, mwongozaji David Lean akazikataa. Akabaki Mfaransa ambaye nje ya kwao hakuwa na jina: Maurice Jarre. Alipewa takriban wiki sita kutunga muziki wa karibu saa mbili.

Filamu ile inafunguliwa kwa ngoma kabla picha yoyote haijaonekana. Wengi husifu tuni ya jangwani. Mimi nasema ufundi wote umo katika ngoma zile. Jarre, mzaliwa wa Lyon mwaka 1924, aliacha uhandisi Sorbonne akaenda Conservatoire ya Paris kujifunza kupiga ngoma. Kisha kwa zaidi ya miaka 10 aliongoza muziki katika Théâtre National Populaire, jumba la maigizo la Jean Vilar. Jukwaani muziki mwingi humfunika mwigizaji; kinachotakiwa ni mlio mmoja unaofaa, mahali pake. Somo hilo alilibeba hadi kwenye sinema. Ndipo jangwa la Lean likapata ondes Martenot, ala ya umeme ya Kifaransa inayolia kwa sauti nyembamba ya kuvuta.

Kazi hiyo ilimpa Oscar. Ya pili aliipata kwa Doctor Zhivago ya 1965. Lean alizikataa tuni zake za mapenzi moja baada ya nyingine, mwisho akamwambia aisahau Urusi, aende milimani na mpenzi wake, amtungie yeye. Wapigaji wa balalaika walitoka kanisa la Kirusi mjini Los Angeles. Hawakujua kusoma noti, ikabidi wafundishwe kwa kukariri. Oscar ya tatu ilikuja na A Passage to India ya 1984.

Kwetu alifika pia kwa sauti: Gorillas in the Mist ya 1988, iliyopigwa Rwanda, ilimletea Golden Globe. Na waliotazama The Message ya Moustapha Akkad wamemsikia, hata kama jina hawalijui.

Alifariki Machi 2009, akiwa na miaka 84. Miaka ya 1980, akiwa amekwisha kusifika kwa okestra kubwa, aligeukia vinanda vya umeme. Katika Witness ya 1985 Waamishi, watu wasiotumia umeme wa gridi, wanajenga ghala kwa mikono yao, na muziki wote unaowasindikiza ni wa vinanda hivyo.