Jina Kubwa, Chama Kidogo

Mwaka 1861 Ante Starčević na Eugen Kvaternik walisimama katika bunge la Kroatia mjini Zagreb wakadai kwamba ufalme wa Wakroati haukuwahi kufutika kisheria, na kwamba Austria wala Hungaria hazikuwa na mamlaka juu yake. Dai hilo ndilo lililozaa Chama cha Haki. Haki iliyokusudiwa si ya raia mmoja mmoja mbele ya hakimu, bali ya dola, yenye mizizi katika hati za kale. Miaka kumi baadaye, kaskazini zaidi ndani ya milki hiyohiyo ya Habsburg, Waslovakia nao wakaunda Chama cha Taifa. Ukomunisti ulipoanguka, majina yote mawili yalifufuliwa na watu ambao hawakuwahi kumwona hata mmoja wa waasisi.

Urithi huo haukuwa mwepesi. Starčević alikuwa mliberali aliyevutiwa na fikra za Mapinduzi ya Ufaransa, hakuwapenda makasisi kuingia siasa, na aliwahesabu Waislamu wa Bosnia kuwa Wakroati wa asili safi kabisa. Hapohapo aliwakana Waserbia kuwa taifa. Katika mkondo wake wa kisiasa ndimo alimotokea Ante Pavelić, ambaye mwaka 1941 alikabidhiwa na Hitler na Mussolini dola iliyojenga kambi ya mauaji ya Jasenovac. Slovakia nayo ilikuwa na dola iliyotegemea Berlin, chini ya kasisi Jozef Tiso. Ila Tiso alitoka chama kingine, cha Andrej Hlinka. Kwa hiyo wazalendo wa Bratislava wangeweza kumsifu babu yao bila kumgusa Tiso, ingawa viongozi wao wa miaka ya 1990 hawakuona haya kumsifu Tiso pia. Wenzao wa Zagreb hawakuwa na nafasi hiyo: kila walipomtaja Starčević, wasikilizaji wengi walimsikia Pavelić.

Tofauti kubwa zaidi ilikuwa vita. Slovakia iliachana na Wacheki Januari 1, 1993 bila risasi kufyatuliwa. Kroatia ilijitenga chini ya mizinga. Chama cha Haki cha Kroatia, kwa kifupi HSP, kilifufuliwa Februari 1990 chini ya Dobroslav Paraga, aliyewahi kufungwa katika jela za Yugoslavia akiwa kijana. Mwaka 1991 kikaunda jeshi lake lenyewe, HOS. Wapiganaji wake walivaa sare nyeusi na kubeba salamu ya enzi za Pavelić kwenye nembo zao, na wengine walifia Vukovar. Makao yao yalikuwa Starčevićev dom, nyumba ambayo wafuasi wa Starčević walimjengea mzee huyo karibu na stesheni ya reli ya Zagreb. Serikali yoyote ingetishwa na chama chenye bunduki katikati ya mji mkuu, na serikali ya rais Franjo Tuđman ilitishwa kweli. Septemba 1991 makamu wa Paraga, Ante Paradžik, aliuawa kwa risasi za polisi wa Kroatia kwenye kizuizi cha barabarani. Wenzake wakaamini yalikuwa mauaji ya kisiasa. Paraga mwenyewe alishtakiwa mwaka 1993 kwa kula njama dhidi ya dola, akaachiwa huru.

Ni huko Bosnia, ambako HOS nayo ilipigana, hadithi hii inapomchanganya anayependa kugawa watu katika mafungu mawili. Wakati wajumbe wa Wakroati na Waserbia wa Bosnia walipokutana Graz Mei 1992 kuzungumzia kuigawa nchi, HOS ilishikilia kwamba Bosnia isigawanywe. Msimamo huo haukutokana na upole: waliitaka Bosnia nzima upande wa Kroatia, hadi mto Drina, kama alivyofundisha Starčević. Hata hivyo matokeo yake ni kwamba Waislamu wengi walipigana chini ya bendera ya HOS, na kamanda wake wa Herzegovina, Blaž Kraljević, alishirikiana na serikali ya Alija Izetbegović. Agosti 1992 Kraljević aliuawa karibu na Mostar na Wakroati wenzake wa HVO, jeshi la Wakroati wa Bosnia. Sioni mfano wa haya Bratislava wala Budapest: wenye msimamo mkali kuliko wote wakauawa na ndugu zao kwa kuwa upande mmoja na Waislamu.

Hungaria inatupa sura nyingine. MIÉP, chama cha mtunzi wa tamthilia István Csurka, hakikuwa na babu wa karne ya 19. Kilizaliwa mwaka 1993 baada ya Csurka kufukuzwa katika chama tawala cha wakati huo kwa maandishi yake ya chuki dhidi ya Wayahudi. Mwaka 1998 kilipata viti 14. Mwaka 2002 wapiga kura wake walikuwa karibu idadi ileile, takribani robo milioni, lakini wengine walijitokeza kwa wingi hivi kwamba asilimia yake ikashuka chini ya 5 na chama kikatoka bungeni. Hakikupoteza watu, ni waziri mkuu wa wakati huo, Viktor Orbán, na wapinzani wake waliokuwa wamewaamsha wengine wote.

HSP kilipungua kwa njia nyingine, kwa kugawanyika. Mwaka 1992 kilikuwa na takribani asilimia 7 ya kura na wabunge 5. Mwaka uliofuata Anto Đapić alikitwaa, na Paraga, aliyebaki bila chama, akaanzisha HSP 1861. Mwaka 2009 Ruža Tomašić, aliyewahi kuwa polisi nchini Kanada, alikuwa miongoni mwa waliojitenga na kuunda HSP Dkt. Ante Starčević. Angalia majina: kila anayeondoka anachukua kipande cha kaburi la mwasisi. Msomaji wa Kenya atakumbuka FORD ya mwaka 1992, iliyomwacha Matiba na FORD-Asili na Jaramogi na FORD-Kenya. Ila uasili waliougombania ulikuwa wa mwaka mmoja tu. Slovakia nayo ilionja hayo: mwaka 2002 viongozi wa Chama cha Taifa, Ján Slota na Anna Malíková, waligombea kwa vyama viwili vya jina karibu moja, kila kimoja kikapata asilimia tatu na kitu, vyote vikaachwa nje. Wao lakini waliungana tena, na mwaka 2006 wakapata viti 20.

Đapić alijaribu kukisafisha chama. Aliacha nembo za kale, akavaa suti ya mbunge wa kawaida, na mwaka 2003 alivuna viti 8. Miaka miwili baadaye akawa meya wa Osijek. Nadhani hapo ndipo alipokipoteza. Aliyetaka ukali hakuuona tena, na aliyetaka uzalendo wa heshima tayari alikuwa na HDZ, chama cha Tuđman, kikubwa, chenye kazi za kugawa. Mwaka 2007 kilibaki kiti 1, mwaka 2011 hakuna. Sheria ya uchaguzi ilichangia: Kroatia imegawanywa majimbo 10 ya viti 14, na asilimia 5 inahitajika ndani ya kila jimbo, ilhali Slovakia nzima huhesabiwa kama jimbo moja.

Lakini hesabu ya kura haitoshi. Jirani mkubwa ndiye aliyeamua. Robert Fico, alipokuwa waziri mkuu mwaka 2006, aliwakaribisha wazalendo wa Slovakia serikalini, akawakaribisha tena baadaye, hata baada ya vipindi walivyokuwa nje ya bunge. Orbán alichukua maneno ya Csurka kidogokidogo hadi MIÉP ikabaki bila la kusema, na hasira iliyosalia ikahamia chama cha Jobbik, kilichopata zaidi ya asilimia 16 mwaka 2010. Tuđman alikichukulia HSP kama hatari ya kiusalama, na warithi wake, waliokuwa wakiielekeza Kroatia Umoja wa Ulaya, hawakukipa wizara hata moja. Mwaka 2024 HDZ hatimaye iliunda serikali pamoja na chama cha mrengo huo. Kiliitwa Domovinski pokret, Vuguvugu la Nchi ya Asili, kilikuwa na wabunge 14 na umri wa miaka minne, wala hakikulibeba jina la Starčević.